Hongo ya Njia na Hongo ya Mpira

Katika kijiji chetu, kilicho magharibi ya Tabora kando ya njia ya zamani ya misafara iendayo Ujiji, pana kibanda kimoja cha kuonyesha mpira. Vijana hukiita kibanda umiza, kwa kuwa mabenchi yake ni membamba na watu ni wengi. Mwenye kibanda ni mtu wa haki, nasi twamjua tangu alipokuwa mwanafunzi. Jumapili moja, siku ya mwisho wa ligi, alitoza kiingilio cha shilingi 500 kwa kila mtu, na watu walijaa hata mlangoni. Sababu yake ni kwamba kijana mmoja wa hapa, aliyejifunza kusoma katika darasa letu, alikuwa amechukuliwa na timu ya ligi, na siku ile timu yake ilikuwa ikicheza ugenini. Babu yake aliketi mbele kabisa. Mzee huyu hajapata kumwona mjukuu wake akicheza na wakubwa, ila amemwona katika picha iliyotumwa kwa simu, amesimama tu.

Saa ilipofika, televisheni ikaonyesha mchezo mwingine. Mwenye kibanda akabadili chaneli, akabadili tena. Aliona mchezo wa pili na wa tatu, lakini mchezo wa kijana wetu haukuwapo. Hapo makelele yakaanza. Wengine walisema amekula fedha zao, wengine walisema hakulipia kifurushi, na mmoja alikwisha inua benchi. Tuliitwa tuje tuamue, kama walimu waitwavyo vijijini kwa kila jambo, hata lisilo la shule. Tuliiona stakabadhi ya malipo katika simu yake: alikuwa amelipa siku mbili kabla. Hata hivyo alirudisha fedha za watu wote, kisha akaenda kuketi nje, mikono ikimtetemeka.

Ndipo yule babu aliposema, "Mwalimu, hapa pana mtu hakupewa hongo." Vijana wakacheka, wakidhani asema habari za rushwa. Lakini mzee hakuwa na maana hiyo, na sisi tulipokwisha kutafakari tuliona ya kuwa katika watu wote waliokuwapo, yeye ndiye aliyekaribia kweli. Kwa hiyo tumeona yafaa tuandike habari hii, ili watu wajue kwa nini michezo mingine huonyeshwa na mingine haionyeshwi, wasije wakampiga mtu asiye na kosa. Twaomba msomaji atuvumilie, maana itatulazimu kuanza mbali kidogo.

Neno hongo limezeeka vibaya. Leo maana yake ni fedha apewayo mtu kwa siri ili apotoe haki. Zamani za misafara hongo ilikuwa ada ya njia, nayo ilitolewa mchana, mbele ya watu, baada ya mashauri marefu. Msafara ulitoka Bagamoyo ukichukua nguo za merikani na kaniki, shanga, na nyaya za shaba. Wapagazi, na wengi wao walikuwa Wanyamwezi, babu zetu, walibeba kila mmoja mzigo wa kilo thelathini hivi begani. Walipita Usagara, wakaivuka nchi ya Ugogo, ndipo wakaingia Unyanyembe, palipo na mji wa Tabora. Waingereza Burton na Speke walitoka pwani mwezi wa Juni mwaka 1857, wakaingia Tabora, ambayo siku zile iliitwa Kazeh, mwezi wa Novemba.

Katika Ugogo mvua ni chache na maji ni ya visima. Kila mtemi alikuwa na visima vyake na nafaka ya watu wake, naye alidai hongo kabla msafara haujaendelea mbele. Kiasi chake hakikuandikwa popote. Kilitegemea ukubwa wa msafara, haraka ya mkuu wake, na ukali wa jua. Pengine msafara ulikaa siku kadhaa ukibishana juu ya doti chache za nguo, huku chakula kikiliwa. Wazungu walioandika vitabu vya safari waliwalaumu sana watemi wa Ugogo, wakawaita wanyang'anyi. Sisi hatuwezi kuwahukumu kwa upesi namna ile. Aliyechimba kisima alikuwa Mgogo, na watu mia kadhaa wenye kiu wakifika pamoja hukiacha kisima ni matope, kisha huenda zao, na mwenye kisima hubaki na ng'ombe wake. Walakini ni kweli pia ya kuwa palikuwa na watemi waliotoza bila kadiri, na kwamba mpagazi maskini ndiye aliyelala njaa wakati wakubwa walipobishana.

Mfano mkubwa wa njia iliyofungwa twaupata hapa hapa kwetu. Mwaka 1871 Mirambo, mtemi wa Urambo, aliwazuia Waarabu wa Tabora wasipitishe misafara yao katika nchi yake kwenda Ujiji. Ugomvi wao ulikuwa juu ya hongo, juu ya biashara ya pembe, na juu ya nani atambuliwe kuwa mkubwa katika nchi. Waarabu wakaenda kumpiga, na Stanley, aliyekuwa amefika Tabora akimtafuta Livingstone, akajiunga nao. Walishindwa vibaya. Mirambo akaja Tabora akachoma nyumba nyingi, na Stanley akajiweka tayari kujilinda katika tembe lake la Kwihara. Hatimaye Stanley aliiacha njia ya siku zote, akazunguka kwa kusini kupitia Ukonongo, akafika Ujiji karibu na mwisho wa mwaka ule. Vita vile viliendelea miaka kadhaa, na Mirambo akafa mwaka 1884 akiwa mtawala mwenye nguvu.

Tunataka msomaji atazame jambo moja katika habari hii. Njia ya Ujiji haikuharibika. Miti ilikuwa pale pale, na visima na vivuko vya mito vilikuwa pale pale. Nguo zilikuwa Tabora na pembe zilikuwa Ujiji. Kilichokosekana ni mapatano tu, na kwa kukosa mapatano watu wenye miguu mizima walikaa wakaitazama njia tupu. Mpira wa televisheni hali yake ni hiyo. Mara nyingi mchezo umechezwa, pengine hata kamera zimekuwapo uwanjani, lakini kati ya mchezo na macho yetu pana lango, na langoni yupo mtu mwenye ufunguo.

Mpira wa miguu ulienea kwetu kwa shule, kwa askari, na kwa reli, na reli yenyewe ilifika Tabora mwaka 1912. Mwanzo haukuwa na lango lolote. Watu walisimama kando ya uwanja wakatazama, kama watazamavyo hata leo shuleni petu. Lakini timu zilipokuwa na safari, viatu, na wachezaji wa kulipwa, fedha zilihitajiwa, nazo zilipatikana kwa kujenga ukuta na kutoza kiingilio. Klabu nyingi ziliishi hivyo kwa miaka mingi: mwenye kulipa aliingia, na asiyelipa alipanda mti. Basi ukuta ule ndio hongo ya kwanza ya mpira. Chuki ya klabu juu ya televisheni ilianzia hapo, maana picha ziliruka juu ya ukuta.

Waingereza waliipata shida hiyo mapema kuliko wengine. Shirika la BBC lilionyesha mpira kwa mara ya kwanza mwaka 1937, katika uwanja wa Arsenal, timu ya kwanza ya klabu ile ikicheza na akiba yake. Watazamaji walikuwa wachache, kwa hiyo hakuna aliyeogopa. Lakini mwezi wa Septemba mwaka 1960 kampuni ya ITV ya huko ilianza mpango wa kuonyesha michezo ya ligi moja kwa moja. Mchezo wa kwanza ulikuwa Blackpool na Bolton. Bolton walishinda 1–0, na wanenaji wa siku zile walisema ulikuwa mchezo wa kuchosha. Kisha Arsenal na Tottenham wakakataa kamera zisiingie viwanjani mwao, na mpango wote ukavunjika. Hata mwaka 1983 ndipo mchezo wa ligi ya Uingereza ulipoonyeshwa tena moja kwa moja. Hesabu mwenyewe, msomaji: miaka 23. Mtoto aliyezaliwa siku ya mchezo ule wa Blackpool alikuwa mtu mzima, pengine ana mke.

Tena waliweka sheria moja ambayo ipo hata leo. Siku ya Jumamosi, tangu saa tisa kasorobo mchana hata saa kumi na moja na robo kwa saa za kwao, hairuhusiwi kuonyesha mpira moja kwa moja katika televisheni ya Uingereza. Aliyeisukuma sana alikuwa Bob Lord, mwenyekiti wa klabu ya Burnley. Hoja yake ilikuwa kwamba mtu akiuona mchezo wa klabu kubwa nyumbani kwake, hatakwenda tena kutazama klabu ndogo ya mji wake, na klabu ndogo itakufa. Sheria hiyo imeleta ajabu ambayo wasomaji wengi hawaijui. Mchezo unaoanza Manchester saa tisa mchana siku ya Jumamosi, kwetu ni saa kumi na moja jioni wakati wa kiangazi chao, au saa kumi na mbili wakati wa baridi. Kijana wa Tabora ameketi katika kibanda cha mabati, ameulipia shilingi 500, anauona wote. Na mtu anayekaa mtaa wa pili na uwanja ule ule, asiyekuwa na tikiti, hauoni kwake, ila ausikilize kwa redio. Tulipowaeleza wanafunzi wetu habari hii hawakusadiki, wakadhani mwalimu amekosea.

Sasa turudi nchini kwetu. Kwa miaka mingi hatukuwa na lango katika hewa, kwa sababu hatukuwa na televisheni. Zanzibar walikuwa nayo tangu mwanzo wa miaka ya 1970, lakini Bara haikuwapo hata mwaka 1994, ilipofunguliwa na kampuni za watu binafsi; televisheni ya serikali ilifuata mwanzo wa miaka ya 2000. Mwaka 1980 timu yetu ya taifa ilipokwenda Lagos kushindania Kombe la Mataifa ya Afrika, watu wa Tabora waliipata habari kwa Redio Tanzania. Mwaka 1993 Simba walipofika fainali ya Kombe la CAF, wakatoka sare 0–0 Abidjan na Stella, kisha wakafungwa 2–0 nyumbani Dar es Salaam, bado watu wa bara walisikiliza. Redio haina ufunguo. Mwenye redio moja aliiweka dirishani, na mtaa mzima ulisikia bure, pamoja na mpita njia. Wazee wetu wamezoea hivyo, ndiyo maana lango la leo linawauma zaidi kuliko vijana.

Yafaa tueleze jinsi ufunguo huu ulivyopatikana, maana wengi hudhani ni hila tu. Mawimbi ya televisheni ya zamani yaliruka wazi kama ya redio. Mwenye antena aliyadaka. Mwenye kutaka kuyauza hakuwa na njia ya kumzuia asiyelipa. Baadaye mafundi walibuni namna ya kuzivuruga picha kabla hazijarushwa, zisitambulikane ila kwa kifaa chenye kadi iliyoruhusiwa. Kifaa hicho ndicho king'amuzi. Huko Uingereza, mwaka 1992, klabu kubwa zilijitenga zikaanzisha ligi mpya, na kampuni ya Sky, iliyokuwa na televisheni ya kulipia kwa satelaiti, pamoja na BBC wakatoa paundi milioni 304 kwa miaka mitano. Tangu hapo bei ya mpira haikushuka. Kwetu Tanzania mitambo ya zamani ilianza kuzimwa Dar es Salaam tarehe 31 Desemba 2012, kisha katika miji mingine kwa zamu, na king'amuzi kikawa chombo cha kila nyumba yenye televisheni. Basi lango likawa limejengwa, likingoja mwenyewe tu.

Mwenyewe alikuja mwaka 2013. Azam Media ilipatana na wakuu wa mpira kuonyesha Ligi Kuu ya Bara. Yanga waliyapinga mapatano yale, wakiona si vema nyumba yenye timu katika ligi iwe pia ndiyo mwenye kuionyesha ligi. Walakini mapatano yalisimama, na mwaka 2021 yakafanywa mapya kwa miaka kumi, kwa shilingi bilioni 225.6. Watu husema fedha hizi ni za Dar es Salaam tu. Si kweli. Klabu za mikoani hupata fungu lao, na klabu ya mkoani haina matajiri wengi mlangoni. Mkoa wetu uliwahi kuwa na Rhino Rangers katika Ligi Kuu msimu wa mwaka 2013 na 2014, nao wakashuka. Tangu mwaka 2023 tuna timu nyingine, iliyoingia kwa jina la Kitayosce, ikaitwa Tabora United, na mwaka 2025 ikaitwa TRA United. Mtu aliyewahi kusafiri kwa basi toka Tabora hata Dar es Salaam aweza kukisia gharama ya timu inayofanya hivyo mara kwa mara. Kisima kina mwenyewe, na mwenyewe ana ng'ombe wa kunywesha.

Lakini anayenunua haki ya kuonyesha hanunui wajibu wa kuonyesha yote. Hapa ndipo watu wengi hukosea, na hapa ndipo mwenye kibanda wetu alipokosea. Kuurusha mchezo mmoja kwahitaji kamera kadhaa, mafundi, gari lenye mitambo, umeme usiokatika, na njia ya kupandisha picha hata satelaiti. Gari lililo Mwanza haliwezi kuwa Songea jioni ile ile. Ligi ikiwa na timu 16, kila mzunguko una michezo 8. Ikichezwa kwa siku mbalimbali, wapiga picha huzunguka wakaipata mingi. Ikichezwa yote kwa saa moja, budi wachague, nao huchagua ile yenye watazamaji wengi.

Na siku ya mwisho wa ligi huchezwa kwa saa moja. Desturi hii ina asili yake. Katika Kombe la Dunia la mwaka 1982 huko Hispania, Aljeria walikuwa wamewashinda Wajerumani wa Magharibi, jambo ambalo hakuna aliyelitazamia. Aljeria walimaliza michezo yao siku moja kabla ya Wajerumani na Waaustria kukutana mjini Gijón. Kwa hiyo timu hizi mbili ziliingia uwanjani zikijua ya kuwa Wajerumani wakishinda kwa bao moja au mawili, wote wawili watapita na Aljeria watatoka. Wajerumani walipata bao mapema, kisha wakapeana mpira polepole hata mwisho, na watazamaji wakazomea. Tangu hapo michezo ya mwisho ya kundi huanza kwa wakati mmoja, na ligi nyingi zimeufuata mfano huo ili pasiwe na timu itakayojua matokeo ya wenzake. Ni sheria ya haki kabisa. Lakini haki hiyo, iliyowekwa kwa ajili ya Waafrika wenzetu waliodhulumiwa, ndiyo iliyomnyima babu kumwona mjukuu wake. Mambo ya dunia yana kupindana.

Pana sababu nyingine ambazo hazikuhusu siku ile, nasi tutazitaja kwa ufupi kwa kuwa tumeulizwa mara nyingi. Haki za mpira huuzwa kwa nchi, kama mashamba yenye mipaka, na satelaiti haijui mipaka. Picha irushwayo kwa ajili ya Tanzania yaweza kuonekana Burundi na Kongo, ambako haki imenunuliwa na mtu mwingine. Ndiyo maana pengine chaneli ya nyumbani huonyesha mchezo kwa antena ya kawaida, lakini mwenye ungo huona maandishi tu au kioo cheusi. Halafu wanunuzi wakubwa hugombana wenyewe kwa wenyewe. Kombe la Mataifa ya Afrika lililochezwa Ivory Coast mwanzo wa mwaka 2024, ambalo timu yetu ya taifa ilishiriki, haki zake kwa sehemu kubwa ya Afrika zilikuwa mkononi mwa kampuni ya Togo iitwayo New World TV. SuperSport, waliozoewa na watu wengi, walitangaza ya kuwa hawataonyesha, na hata siku chache kabla ya mchezo wa kwanza ndipo walipopatana.

Pengine mlinda lango mwenyewe huanguka. Mwaka 2007 ilitokea kampuni moja iitwayo GTV, ikanunua haki za ligi ya Uingereza kwa nchi nyingi za Afrika, pamoja na hizi zetu za Mashariki. Watu wakanunua vifaa vyake. Mwezi wa Januari mwaka 2009 kampuni ikafilisika ghafula, na ving'amuzi vikabaki mapambo juu ya makabati. Hakuna aliyesafirishiwa chochote tena kwa njia ile, ingawa hongo ilikwisha kulipwa.

Wapo pia wazungukao kusini, kama Stanley: huiba picha kwa njia za simu na za mitandao, wakaonyesha watu kwa fedha. Hatuwasifu, maana wanakunywa kisima cha mwenzao usiku. Na mwenye kibanda anayelipia kifurushi cha nyumbani kisha akatoza kiingilio, yafaa naye asome mapatano yake vizuri, maana kifurushi cha jamaa mmoja si ruhusa ya kukusanya kijiji. Tulimwambia hivyo mwenye kibanda wetu, naye hakupendezwa.

Sisi wenyewe twaona hivi. Mchezo wa klabu na uuzwe; ni mali yao, na fedha zao hulisha wachezaji kama kijana wetu. Lakini mchezo wa timu ya taifa si sawasawa na huo. Timu ile huvaa rangi za watu wote, na wengi wa watu hao hawana ungo. Uingereza, pamoja na kupenda kwao biashara, wana sheria ya mwaka 1996 inayotaja michezo ambayo haiwezi kufungwa kwa televisheni ya kulipia peke yake, kama fainali ya kombe lao na Kombe la Dunia. Wameamua ya kuwa visima vingine havitozwi. Jambo hili lastahili kufikiriwa na wakubwa wetu, nasi hatuoni aibu kulisema.

Hayo yote tulimweleza yule babu jioni ile, tukiwa tumeketi chini ya mwembe, mmoja katika ile iliyoachwa na misafara. Alisikiliza bila kusema neno. Mwisho akauliza, "Basi, Mwalimu, picha za mchezo ule zimewekwa wapi, zije zionyeshwe siku nyingine?" Tukamjibu, "Baba, huenda hakuna aliyezipiga." Hilo ndilo lililomshangaza kuliko yote. Alikuwa amedhani kila mpira unaochezwa huwekwa mahali fulani, kama pembe katika ghala, ukingoja kulipiwa.

Usiku ule simu ilipigwa toka mbali. Kijana alikuwa ameingizwa uwanjani kipindi cha pili, naye alicheza dakika 20. Timu yake haikufunga wala haikufungwa. Babu alitaka kujua alisimama upande gani, kulia au kushoto, na simu ikakatika kabla hajajibiwa.

Mwenye kibanda sasa ana ubao, tuliompa sisi kutoka shuleni, kipande cha ubao wa zamani uliovunjika. Asubuhi ya kila siku ya mchezo huandika kwa chaki ni michezo gani itakayoonyeshwa na ipi haitaonyeshwa, na watu husoma kabla ya kutoa fedha. Kijana alipokuja kwao likizo, babu alimtaka aonyeshe mchezo ule. Akachora uwanja kwa kijiti mbele ya nyumba, akaweka mawe kuwa wenzake na magunzi ya mahindi kuwa adui, akaonyesha alikopita, na mahali alipoangushwa, na mpira aliopiga ukapita nje ya mlingoti. Watoto wa shule walikuwa wamejaa pale hata uani. Babu aliketi mbele, akamwambia arudie ile ya kuangushwa.